Siku kumi na kamera kwa Wabaski

Alhamisi, 18 Aprili 2024. Bilbao

Begi la nguo limebaki njiani, la kamera limefika. Nimemshukuru Mungu kwa mpangilio huo. Suruali inanunulika popote, lakini lenzi yangu nimeilipia kwa harusi kumi na nne za Tanga na Muheza.

Basi la kutoka uwanja wa ndege linaingia kwenye handaki mlimani, halafu linakutema juu ya daraja, na pale chini kando ya mto linameremeta jumba la makumbusho la Guggenheim kama jodari aliyetoka majini sasa hivi. Lilifunguliwa mwaka 1997, na kila makala niliyosoma kuhusu Bilbao, mji mkubwa wa Wabaski, watu wa kaskazini mwa Hispania wenye lugha yao, huanza nalo. Sikulipiga picha. Nilipiga roshani za majumba, maana kila roshani imetandikwa kitambaa chekundu na cheupe. Tarehe 6 mwezi huu Athletic Club, timu ya mji huu, waliwatoa Mallorca kwa penalti wakachukua Kombe la Mfalme, ambalo hawakuwa wamelishika tangu 1984. Alhamisi iliyopita wachezaji walipandishwa kwenye tishari wakapita nalo mtoni, mji mzima umejipanga kingo zote mbili. Mimi nimefika wiki moja baadaye, kama kawaida yangu.

Kihispania ninacho; nilikipata Cuba, kwenye chuo cha filamu cha San Antonio de los Baños. Kibaski sina hata salamu, kwa hiyo nina mkalimani, dada wa miaka thelathini na kidogo, mzaliwa wa kijiji kimoja cha mkoa wa Gipuzkoa. Tumekutana kwenye mgahawa wa Zazpi Kaleak, yaani Mitaa Saba, mji mkongwe wa Bilbao. Nilifungua kompyuta nimwonyeshe mpango wa kazi. Akaliona folda nililolipa jina kabla sijatoka Dar: MGOGORO WA WABASKI.

"Mgogoro ni nini?"

Nikamwambia: *conflicto*.

Akacheka, akavuta kiti. "Basi umeshapiga kura, na uchaguzi ni Jumapili."

Ndipo akanipa somo. Hapa ukisema "mgogoro" umesimama upande mmoja: unasema kulikuwa na pande mbili zilizogombana. Ukisema "ugaidi" umesimama upande wa pili: unasema kulikuwa na wauaji na waliouawa, basi. ETA, kundi la siri lililotaka nchi huru ya Wabaski, ilizaliwa mwaka 1959, chini ya udikteta wa Franco huko Hispania, ikaua watu zaidi ya 800, wengi wao baada ya Franco kufa. Ilitangaza kuacha kutumia silaha Oktoba 2011 na kujivunja Mei 2018. Lakini jina la ilichokifanya bado halijapatikana. Wiki hii hii mgombea wa EH Bildu, moja ya vyama viwili vikubwa kwenye uchaguzi huu wa bunge la Wabaski, aliulizwa redioni kama ETA lilikuwa kundi la kigaidi. Akajibu lilikuwa kundi lenye silaha. Nchi nzima ikasimama juu ya maneno mawili hayo, na kabla ya wiki kwisha alikuwa ameshawaomba radhi waathirika waliojeruhiwa na kauli yake.

Hata nchi yenyewe ina majina. *Euskadi* kwa wengi ni ile mikoa mitatu yenye serikali yake ya ndani, *País Vasco* ni hiyo hiyo kwa Kihispania, na *Euskal Herria* ni yote saba, pamoja na Navarra na mitatu iliyoko Ufaransa. Nikamuuliza niliandikeje folda. Akasema atalifikiria.

Usiku alinipeleka kwa *kuadrilla* yake. Sikupata neno la Kiswahili linalolitosha: ni kundi la marafiki ambalo mtu anaingia akiwa na miaka sita na kutoka akizikwa. Wanahama baa hadi baa, kila baa kiglasi kidogo cha bia na kipande cha mkate chenye samaki juu yake. Walikuwa tisa. Waligombana kuhusu mpira, kodi ya nyumba, mume wa mtu. Nilipogusa miaka ile, mmoja alisema mvua itanyesha. Na kweli ilinyesha, ile rasharasha yao wanayoiita *sirimiri*, inayokulowesha bila wewe kujua imeanza lini.

Ijumaa, 19 Aprili. Bilbao

Siku ya mwisho ya kampeni. PNV, chama alichokianzisha Sabino Arana mwaka 1895, kimeongoza serikali ya Wabaski karibu muda wote tangu 1980. Anayekikimbiza sasa ni EH Bildu, muungano wa mrengo wa kushoto unaotaka uhuru, ambao ndani yake wamo warithi wa chama kilichopigwa marufuku mwaka 2003 kwa kuhusishwa na ETA. Kura za maoni zinawaweka sawa. Jumanne mtu mmoja alimpulizia mgombea wa PNV, Imanol Pradales, dawa ya kuwasha machoni mjini Barakaldo. Kwa hiyo ulinzi umekazwa, na mtu mweusi mwenye begi kubwa la kamera hasogei jukwaani kwa urahisi. Nilijaribu mara mbili, nikaachana nao.

Nikapanda mtaa wa San Francisco, ng'ambo ya mto. Hapo ndipo wanapoishi Wasenegali, Wamoroko, Wanaijeria. Kinyozi mmoja kutoka Dakar amebandika ukutani picha za Iñaki na Nico Williams. Wazazi wao ni Waghana waliovuka Sahara, sehemu kwa miguu, mpaka uzio wa Melilla, mji wa Hispania ulioko Afrika. Iñaki kazaliwa hapa Bilbao, Nico Pamplona, na wote wawili wanachezea Athletic, klabu isiyosajili mchezaji ila awe amezaliwa au amelelewa kisoka katika ardhi ya Wabaski. Huyo Arana aliyeanzisha chama alipima Ubaski kwa majina ya ukoo wa mababu. Sijui angelikata vipi jina la Williams.

Nilitegemea kinyozi atanizungumzia mpira. Akanionyesha daftari. Jioni, akifunga duka, anakwenda darasa la Kibaski.

"Kihispania kila mtu hapa anakijua, kaka," aliniambia huku mashine ikiunguruma kichwani mwangu, maana nilikuwa nimekaa kitini ili anikubalie. "Ukimwambia mzee *egun on*, habari za asubuhi, anasimama. Haamini. Anarudi kesho na mjukuu."

Mkalimani akamrekebisha kitenzi, yeye akambishia, na wakawa mwalimu na mwanafunzi mpaka upande mmoja wa kichwa changu ukasahaulika. Halafu dada akanieleza jambo ambalo nimelilalia usiku huu. Wabaski wenyewe hawana neno la zamani la "Mbaski" linalotokana na damu au nchi. Wanasema *euskaldun*: *euskara* ni lugha, *-dun* ni mwenye. Mwenye lugha. Basi kwa hesabu ya neno hilo, kinyozi wa Dakar ameshakaribia mlangoni.

Jumamosi, 20 Aprili. Portugalete

Leo ni siku ya kutafakari. Sheria inakataza kampeni siku moja kabla ya kura. Tukapanda metro hadi kwenye mdomo wa mto, kuliko na daraja la Bizkaia la mwaka 1893. Ni daraja la ajabu: juu kabisa kuna chuma kimelala kutoka ng'ambo hadi ng'ambo, na kwenye chuma hicho kimening'inizwa kibanda kinachobeba magari na watu kuwavusha hewani juu ya maji. Chukua pantoni ya Kigamboni uifunge kamba. UNESCO waliliingiza kwenye urithi wa dunia mwaka 2006. Upande wa kulia wa mto walikaa wenye viwanda. Upande wa kushoto, wafanyakazi.

Nilitaka upande wa kushoto. Hapa palikuwa na machimbo ya chuma, viwanda vya kuyeyushia na karakana za meli, na kazi hizo ziliita watu kutoka kila kona ya Hispania iliyokuwa na njaa. Tanuri kubwa za Altos Hornos de Vizcaya zilizimwa mwaka 1996. Moja imeachwa Sestao kama kumbukumbu, na leo ilikuwa na njiwa.

Bibi mmoja kutoka Extremadura, aliyekuja akiwa na miaka kumi na tisa na ambaye sasa ana wajukuu sita, alitukaribisha kahawa. Wajukuu wote wanasoma shule kwa Kibaski. Yeye hajui zaidi ya *agur*, kwaheri, ambayo hata Wahispania wa hapa huitumia. Nikamuuliza yeye ni nani sasa. Alikasirika kidogo.

"Mimi ni wa Portugalete. Miaka sitini nimefua nguo zilizojaa vumbi jekundu la mtaa huu. Niambie wewe kama hiyo haitoshi."

Sikumwambia lolote kuhusu *-dun*.

Jumapili, 21 Aprili. Arrasate

Tumeamka mapema kwenda Arrasate, ambayo Wahispania huiita Mondragón. Kituo cha kura ni shule. Msimamizi aliniambia kwa adabu kabisa kwamba ndani siruhusiwi na kamera, kwa sababu kibali changu kina jina la mradi ambao si chombo cha habari. Alikuwa na haki, nadhani. Kibali nilikijaza mwenyewe saa nane usiku.

Kwa hiyo nilikaa nje nikapiga miguu. Hapa karatasi za vyama zimepangwa mezani kila chama na rundo lake, unachukua unayotaka, unaitia bahasha, unatumbukiza. Wengine huja na bahasha tayari toka nyumbani ili jirani asione mkono umekwenda kwenye rundo lipi. Wanaosimamia meza ni raia waliopigiwa kura ya bahati. Ukichaguliwa, huna udhuru wa kukataa kirahisi. Nilichokiona kwa miguu: wanakuja kwa familia, baba na mama wanaachana mlangoni, wanaingia mmoja mmoja, wanakutana tena nje na kwenda kula.

Usiku, kwenye baa, matokeo yalipanda kwenye televisheni. Bunge lina viti 75, kila mkoa viti 25 hata kama Álava ina watu wachache kuliko Bizkaia. PNV 27. EH Bildu 27. Wasoshalisti 12, PP 7, Sumar kimoja, Vox kimoja. PNV wakiungana na Wasoshalisti wanafika 39, kwa hiyo serikali ni ile ile, lakini haijawahi kutokea PNV na EH Bildu wakalingana viti. Nilikuwa nimeshaweka kamera kwenye mguu wake nikisubiri vifijo au vilio. Mwenye baa aliangalia namba, akafuta kaunta, akauliza nani anataka omleti ya mwisho.

Jumatatu, 22 Aprili. Arrasate

Sisi tuliolelewa na neno *ushirika* tuna kovu nalo. Babu yangu upande wa mama aliuza kahawa kwa chama cha KNCU huko Kilimanjaro, na alikufa akiwa na stakabadhi za malipo ambayo hayakuja. Kwa hiyo nimekuja Arrasate na jicho baya.

Mwaka 1941 padri kijana mwenye jicho moja, José María Arizmendiarrieta, aliletwa kwenye mji huu uliokuwa umesambaratishwa na vita vya wenyewe kwa wenyewe. Mwaka 1943 akaanzisha shule ya ufundi. Mwaka 1956 vijana watano waliopitia mikononi mwake wakaanza kiwanda cha majiko ya mafuta, wakakiita ULGOR kwa kuunganisha herufi za majina yao. Miaka mitatu baadaye ikaja benki yao wenyewe, na hapo, kwa maoni yangu, ndipo siri ilipo: ushirika wetu ulikuwa na mazao, benki ilikuwa ya mtu mwingine. Leo kundi la Mondragon lina wafanyakazi takribani 70,000. Mwanachama ananunua hisa yake ya kuingilia, ana kura moja awe fundi au meneja, na mshahara wa juu kwa kawaida hauzidi mara sita ya ule wa chini.

Fundi mstaafu wa Fagor, viwanda vya mashine za kufulia na majokofu vilivyotokana na ULGOR ile ile, alitutembeza. Fagor ya vyombo vya nyumbani ilifilisika mwaka 2013. Ilikuwa imejipanua mpaka Poland na Ufaransa kwa mkopo, soko la nyumba Hispania likaanguka, hakuna aliyekuwa ananunua jokofu jipya, na vyama vingine vya kundi, baada ya kuichangia mara nyingi, vikasema basi. Wanachama wengi walihamishiwa kwenye vyama vingine ndani ya kundi, hawakutupwa barabarani. Hisa zao zilikwenda.

"Wewe ulipoteza kiasi gani?"

Aliangalia mlima. "Gari. Na jiko la binti yangu."

Nikamuuliza kuhusu wafanyakazi wa viwanda vya nje ya nchi, ambao wengi wao si wanachama, hawana kura. Hapo alisimama. Alisema padri angelia. Halafu akasema padri pia alikuwa mtu wa hesabu. Nimemrekodi kwa saa moja na dakika kumi, na ni mahojiano mazuri kuliko yote ya wiki hii, labda kwa sababu ndiye pekee aliyekubali kusema "tulikosea" kabla sijamuuliza.

Jumanne, 23 Aprili. Donostia

Mvua kubwa. Begi la nguo limepatikana.

Donostia, yaani San Sebastián, ni mji mzuri kiasi cha kukera. Kuna ufukwe uliopinda kama kipini, na tamasha la filamu tangu 1953 lililokataa filamu yangu ya kwanza, jambo ambalo sina kinyongo nalo kabisa. Nilialikwa kula kwenye *txoko*, vile vyama vya mapishi ambamo wanaume hupika na ambamo kwa muda mrefu mwanamke hakuruhusiwa kugusa sufuria. Nilimweleza mama kwenye simu. "Wanaume wanapika?" akauliza. "Kila siku?" Mara moja kwa wiki, nikamwambia. "Aa," akasema, na mazungumzo yakaisha hapo.

Sikupiga picha yoyote. Lakini garini, vifuta maji vikigonga, mkalimani alinieleza jambo lake. Amenipa ruhusa kuliandika bila jina.

Mjomba wake alifungwa kwa ajili ya ETA. Sera ya serikali ya Hispania tangu mwishoni mwa miaka ya 1980 ilikuwa kuwatawanya wafungwa hao mbali na kwao, na huyu aliwekwa kusini kabisa, Andalucía, karibu kilomita elfu moja. Ijumaa usiku walipanda basi, yeye na binamu yake, wakalala njiani, wakamwona mjomba Jumamosi kwa dakika arobaini nyuma ya kioo, wakarudi. Watoto hao wana jina: *motxiladun umeak*, watoto wa mkoba. Na tena hilo *-dun*. Sera ilimalizika juzi tu. Wafungwa wa mwisho walirudishwa magereza ya kwao mwaka 2023.

Nikamuuliza mjomba alifanya nini. Alibadilisha gia.

"Ninajua alichofanya," alisema. "Na ninajua alichofanyiwa kituo cha polisi. Yote mawili. Tatizo ni kwamba kila ninayekaa naye anataka nitaje moja tu."

Mwaka 2017 watafiti walioagizwa na serikali ya Wabaski waliorodhesha visa zaidi ya 4,000 vya mateso tangu 1960. Kabla ya hapo, kati ya 1983 na 1987, kulikuwa na GAL, kundi la kuua lililolipwa kwa fedha za siri za serikali; liliua watu 27, baadhi hawakuhusika na chochote. Waziri mmoja wa mambo ya ndani wa Hispania alifungwa kwa utekaji uliofanywa kwa jina hilo. Ninaandika haya yote gizani hotelini, na ninaona ninavyopanga sentensi: mauaji haya kwanza au yale? Nani aanze? Hata aya ina upande.

Jumatano, 24 Aprili. Irun

Mto Bidasoa ndio mpaka. Katikati yake kuna kisiwa kidogo cha miti, Kisiwa cha Faisanes, ambapo Hispania na Ufaransa walitia saini amani mwaka 1659. Kinamilikiwa na nchi zote mbili, zikikisimamia kwa zamu: miezi sita hawa, miezi sita wale. Sasa hivi ni cha Hispania. Tarehe 1 Agosti kitaamka Kifaransa. Hakuna mtu anayeishi humo, kwa hiyo hakuna wa kulalamika.

Mita chache kutoka hapo vijana wa Guinea, Mali na Ivory Coast hutafuta njia ya kuvuka. Madaraja yana askari wa Ufaransa, na wanaokamatwa hurudishwa. Tangu 2021 kadhaa wamekufa maji. Ukiutazama mto unaona ufukwe wa pili kama nyumba ya jirani, ndiyo maana wanaujaribu. Wenyeji wa Irun wamejiunda mtandao wa kuwapokea, Irungo Harrera Sarea. Asubuhi wanakaa uwanjani kuwaelekeza wageni mahali pa kulala. Mwezi uliopita *Korrika*, ile mbio ya kupokezana kijiti inayofanyika kila baada ya miaka miwili kuchangisha fedha za kufundisha Kibaski, ilianzia hapa. Ilipovuka daraja kuingia Ufaransa, baadhi ya wahamiaji walivuka nayo wakiwa wamevaa namba za wakimbiaji.

Nilitaka kupiga picha daraja la Santiago kutoka upande wa pili. Tukavuka kwa miguu, mimi na dada, bega kwa bega. Askari alimpita yeye kama upepo akasimama kwangu. Pasipoti, viza, bima, tiketi ya kurudi, barua ya mwaliko. Hakunitukana. Alirudisha karatasi zikiwa zimepangwa vizuri kuliko nilivyompa. Kamera ilikuwa inarekodi ikiwa imening'inia shingoni, na nilichopata ni dakika nne za buti zake na viatu vyangu vipya vya Bilbao. Nimeziangalia mara tatu. Zitabaki.

Alhamisi, 25 Aprili. Kijijini, Gipuzkoa

Kijiji cha mkalimani. Sitakitaja jina.

Usiku kulikuwa na chakula cha jioni cha washairi, na nikiri kwamba kwa saa tatu nilisahau kazi. *Bertsolari* wawili, mwanamume na mwanamke, walisimama mbele ya meza zilizojaa mifupa ya nyama. Hakuna ngoma, hakuna gitaa. Mtu wa tatu akawapa jambo: "Wewe umepigiwa kura ya bahati kusimamia meza ya uchaguzi. Wewe ni mkewe, na Jumapili hiyo mlikuwa mmealikwa kwa mama yako." Kimya cha sekunde kumi, labda kumi na tano. Halafu mwanamume akaanza kuimba shairi ambalo halikuwepo duniani dakika moja kabla.

Mkalimani alinong'ona hesabu sikioni mwangu: mshororo wa silabi saba, wa silabi sita, saba, sita, mpaka minane, na vina kwenye ile ya silabi sita. Nikamwambia kwetu ni nane kwa nane na vina viwili, cha kati na cha mwisho. Aliniangalia kana kwamba nimemwambia sisi ni binamu. Wanaanzia mwisho: anatafuta kwanza mshororo wa mwisho, ule utakaochoma, kisha anarudi kujenga njia ya kuufikia. Ndiyo maana hadhira, ikishaona anakokwenda, inamalizia naye kwa sauti moja. Nimewahi kuona malumbano ya namna hii Pemba kwenye harusi, wazee wakijibizana mpaka alfajiri. Ila huko mshairi hupepea mkono. Hawa walisimama mikono mifukoni kama watu wanaosubiri daladala.

Mezani kwetu alikaa mzee wa miaka 79 mwenye kofia yao ya duara, mstaafu wa kiwanda cha karatasi. Dada alikuwa amemwomba azungumze nami kuhusu miaka ile. Nikawasha kinasa sauti, kwa ruhusa yake. Kwa dakika arobaini alinieleza kuhusu maharage. Yale meusi ya Tolosa: namna ya kuyapanda pamoja na mahindi ili yapande juu ya bua, namna ya kuyachemsha bila kuyaloweka, jirani gani ana mbegu nzuri. Nikauma ulimi. Aliponyanyuka alimwambia dada kitu kwa Kibaski.

"Anasema uje nyumbani Jumamosi. Bila kamera. Hicho kidogo cha sauti sawa."

Ijumaa, 26 Aprili. Gernika

Miaka 87 leo. Mwaka 1937 tarehe hii ilikuwa Jumatatu, siku ya soko. Ndege za Ujerumani za Kikosi cha Condor, pamoja na za Italia, zilikuja alasiri kumsaidia Franco katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, zikaangusha mabomu ya kulipua na ya kuchoma. Mji ukateketea kwa siku kadhaa. Daraja na viwanda vya silaha havikuguswa, wala mwaloni ambao chini yake watawala wa Bizkaia waliapa kwa karne nyingi kuheshimu sheria za wenyeji. Bado rais wa Wabaski anaapishwa hapo. Mti wa sasa ni mjukuu wa mjukuu; gogo la zamani limewekewa kibanda chenye nguzo, kama marehemu aliyelazwa sebuleni.

Serikali ya Franco ilisema Wabaski walijichomea mji wenyewe, na hiyo ikabaki kauli rasmi kwa miaka mingi. Aliyeipa dunia habari ya kweli mapema alikuwa George Steer, mwandishi wa gazeti la *The Times* la London. Kuna sanamu ya kichwa chake hapa, na nilikuja hasa kwa ajili yake. Steer alizaliwa Afrika Kusini. Mwaka mmoja kabla ya Gernika alikuwa Ethiopia, akiandika jinsi ndege za Mussolini zilivyowapiga watu wa huko kwa mabomu na gesi. Alipookota vifuko vya mabomu ya Kijerumani kwenye majivu ya Gernika, hakuwa anaona kwa mara ya kwanza mji ukipigwa kutoka angani. Gernika ilipata mchoro wa Picasso; Ethiopia haikupata. Ujerumani, kupitia rais wake, ilikiri kosa la Gernika mwaka 1997.

Mchana ulikuwa wa mashada makaburini, king'ora, na watu waliosimama palepale king'ora kilipowakuta, mmoja na mkate kwapani. Idadi ya waliokufa bado inabishaniwa. Serikali ya Wabaski ya wakati huo ilisema 1,654. Wanahistoria wengi siku hizi wanataja mamia machache. Nilimpiga picha yule wa mkate. Alisimama mpaka mwisho.

Jumamosi, 27 Aprili. Kijijini

Ghorofa ya pili, milango miwili inayotazamana. Mzee alitupa kahawa, akaketi na kofia yake kichwani, akaanza bila kuulizwa.

Miaka ya 1980 mlango wa pili aliishi dereva wa teksi na mkewe. Siku moja zikaandikwa ukutani herufi za jina lake na kwamba ni mpasha habari wa polisi. Baada ya wiki kadhaa akapigwa risasi akiwa ndani ya teksi. Kijijini walisema sentensi moja, ile iliyosemwa vijiji vyote: *zerbait egingo zuen*, lazima kuna kitu alifanya.

"Na wewe ulisema?"

"Sikuisema. Sikuisema wala sikuikataa. Asubuhi yake nilikwenda kununua mkate."

Mjane hakuhama. Mzee hakumpa pole, kwa sababu siku ya kwanza aliogopa kuonekana, siku ya pili aliona haya ya siku ya kwanza, na baada ya mwezi ilikuwa imeshakuwa miaka. Basi akajifunza kufunga mlango: unavuta kitasa juu kidogo, unakizungusha nusu, unauegemeza kwa goti, unakiachia polepole. Ili yule mama asisikie kwamba kuna mtu anatoka, wasikutane ngazini. Zaidi ya miaka ishirini na tano. Watoto wake aliwafundisha vivyo hivyo bila kuwaambia sababu.

Mwaka 2012, majira ya vuli, yule mama aligonga. Alikuwa amenunua gunia la maharage na lilimshinda ngazi. Mzee akalibeba. Ndilo neno la kwanza walilosemezana.

"Alisemaje?"

"Alisema ni ya Tolosa. Ni mazuri."

Mama bado yupo. Sasa hivi kalazwa kwa mwanawe, Donostia, kwa ajili ya nyonga. Mkalimani alikuwa amenyamaza kutafsiri tangu dakika moja nyuma, na sikumharakisha. Jioni nina ndege. Kabla hatujaondoka nilimwomba mzee kitu kimoja: nisimame ngazini na kinasa sauti, yeye afunge mlango kama anavyoufunga siku zote.

Nilivaa vipokea sauti masikioni, nikafungua sauti hadi mwisho. Nilisikia bomba la maji ghorofa ya chini, njiwa kwenye paa, pumzi yangu mwenyewe. Mzee akanipungia mkono. Mlango ukaja polepole mpaka ukagusa fremu, na kile kijiti cha kijani kwenye skrini hakikutikisika.